Penzi Lilivunjika Moshi, Kitabu cha Hesabu Kikabaki Nusu kwa Nusu

Kuachana na mtu Dar ni rahisi. Unahama kijiwe, unablock namba, mwaka unapita hamjaonana. Moshi sasa? Thubutu! Ukitoka Mnara wa Saa ukatembea mpaka stendi, tayari umeshasalimia nusu ya unaowafahamu, na ex wako ni mmoja wao. Mkisoma darasa moja ndiyo usiseme. Sasa ongezea na hili: mna kitabu kimoja cha hesabu mlichochanga hela, na kila mtu kaondoka na nusu yake.

Huo ndio ubuyu wa mdada mmoja wa chuo hapa Moshi, anayesomea mambo ya kompyuta. Wengi mnamfahamu kwa sura, jina tunaliweka pembeni. Ndiye yule pisi anayechagua mitumba Memorial wikiendi, anaipiga pasi, anapiga picha, kisha anauza kwenye status yake kabla hata jua halijazama. Mtoto wa Old Moshi, kule juu kwenye migomba. Mama yake anashusha ndizi Mbuyuni, bibi yake yupo kihambani. Ndiye wa kwanza kwao kuingia chuo kikuu.

Jamaa naye alikuwa kichwa wa darasa. Katoka PCM, hesabu anazila kama karanga. Walikutana mwaka wa kwanza, na kilichowaunganisha si muziki wala mtoko, ni somo linaloitwa Hisabati Diskriti.

Kwa wasiolijua: hizi si zile hesabu za mistari iliyopinda na kalkulasi. Hapa unashughulika na vitu vinavyohesabika kimoja kimoja: mantiki, seti, namna za kupanga na kuchagua, mahusiano, grafu, miti. Kompyuta ndani yake ni ndiyo na hapana tu, moja na sifuri, kwa hiyo ukitaka kujua programu yako inafikirije, lazima upite hapa. Ukiikwepa utaandika kodi kwa kukariri, siku ikigoma hujui uanzie wapi.

Na kitabu chake kikubwa kinajulikana dunia nzima. Ni cha Kenneth Rosen, toleo la kwanza lilitoka mwaka 1988, siku hizi liko la nane. Sura 13, kurasa zaidi ya 1,000. Ukikilaza mezani kinalingana na tofali. Maktaba nakala ni za kuhesabu, unasomea humo humo, na ukichelewa umemkuta mwenzako kakilalia. Kununua kipya? Bumu lina hela ya vitabu ndani yake, sawa, lakini hela hiyo inakutana na kodi ya geto, bando na chakula, wanamalizana huko huko.

Basi wapenzi wakafanya kile ambacho wachapishaji hawakipendi lakini wanachuo wengi wanakifanya. Wakaenda kwa Mangi wa steshenari, shilingi 50 kwa ukurasa, kama kurasa 1,000, elfu 50 hiyo. Mangi akawaambia waya wa spairo hauwezi kushika mzigo wote ule, akaukata mara mbili: sura ya 1 mpaka ya 7 huku, ya 8 mpaka ya 13 kule. Kuunga 2,000 kila nusu. Jumla 54,000, kila mmoja akatoa 27,000. Picha ya vitabu viwili vimelala pamoja mezani ikaenda status na kikopa chekundu.

Mapenzi yalienda vizuri mpaka walipofika kwenye mantiki. Kuna sentensi za "kama hivi, basi vile". Kitabu kinasema sentensi ya aina hiyo ni ya uongo katika hali moja tu: pale sehemu ya kwanza inapokuwa kweli na ya pili ikawa uongo. Nje ya hapo, ni kweli. Jamaa alikuwa kamwahidi, "Bumu likitoka, nitakununulia simu." Bumu likachelewa, simu hakuna. Mdada akanuna. Jamaa akachora jedwali kwenye daftari, akamwonyesha kwamba bumu halijatoka, kwa hiyo ahadi haijavunjika. Kimantiki yuko safi. Wakacheka wote.

Kisha bumu likatoka.

Simu haikuja. Iliyokuja ni habari kwamba jamaa kaonekana mitaa ya Double Road na mdada mwingine wa darasa hilo hilo, tena wameshikana mikono mchana kweupe. Safari hii jedwali halikuhitajika: sehemu ya kwanza kweli, ya pili uongo. Akampiga chini siku hiyo hiyo.

Wakagawana vitu. Jiko la gesi la jamaa, sufuria za mdada, na kwenye kitabu kila mtu akashika nusu iliyokuwa kwake. Mdada akabaki na nusu ya kwanza. Akaona amepata bonge la dili, kwani nani anaanza kusoma kitabu katikati?

Mtego aliugundua baadaye akiwa anapiga msuli wa UE. Rosen anatoa majibu ya maswali yenye namba witiri, lakini ameyaweka mwisho kabisa wa kitabu. Kwa maana hiyo yeye alikuwa na maswali yasiyo na majibu, na kule kwa jamaa kuna majibu ya maswali yasiyokuwepo. Grafu na miti, sura ya 10 na ya 11, nazo ziko kule. Na swali zito la UE huwa linatoka huko.

Njia rahisi ilikuwa kumtumia jamaa meseji moja tu: naomba nusu yako nitoe kopi. Hakuituma. Marafiki walimwambia aache ujinga, hesabu haina ex. Yeye akasema bora afeli kuliko kusimama kwenye mlango wa lile geto na kufunguliwa na yule dada mwingine.

Akafeli kweli. Sapu.

Hapa wengine wataona kawaida tu, sapu ni sehemu ya chuo. Lakini muulize mtoto ambaye mama yake anabeba mikungu alfajiri ili yeye apate nauli. Sapu inafanywa mwezi wa tisa, wakati wenzako wako likizo. Ukifeli na hiyo unalibeba somo mwaka unaofuata, yakilundikana unadisko, na ukidisko mkopo umebaki nao, shahada huna. Alipanda gari la Old Moshi akiwa na nusu ya kitabu kwenye begi, na simu kaizima.

Kule juu hakuna aliyemuuliza habari za Diskriti. Bibi alipokea shikamoo yake, akamtazama, akamwambia maji ya mfongo leo ni zamu yao, achukue jembe.

Wasioujua mfongo: ni mfereji wa Wachaga, wa enzi na enzi, wazungu waliukuta. Maji yanachepushwa mtoni huko juu, yanashuka kwenye mgongo wa kilima, yanagawanyika na kugawanyika tena mpaka yaingie kihamba cha kila familia. Kuna zamu, kuna mageti ya udongo na majani ya mgomba, na ukifungulia siku isiyo yako utaitwa kwenye kikao.

Siku hiyo mahali fulani juu kingo zilikuwa zimebomoka. Bibi hakupanda mpaka mtoni kutafuta. Akauliza tu, kwa fulani yanafika? Yanafika. Kwa fulani je? Hayafiki. Basi, shida iko hapo katikati, twende. Wakaenda moja kwa moja, wakakuta.

Mdada akasimama na jembe lake. Kwenye kitabu cha maktaba aliwahi kuiona picha hiyo hiyo ikiitwa mti: kuna mzizi, kuna matawi, kuna majani, na kati ya pointi mbili kuna njia moja tu. Mzizi ni pale maji yanapotoka mtoni, majani ni vihamba. Ukiwa na pointi 12 utakuwa na mifereji 11, haipungui, haizidi. Na kwa sababu njia ni moja tu, ukikata mfereji wowote, wote walio chini yake wamekauka. Bibi yake hajawahi kuisikia nadharia ya grafu, ila anajua kutafuta hitilafu kwenye mti bila kukagua kila tawi. Programa mjini analipwa kwa kazi hiyo.

Kuanzia hapo alibadilisha usomaji. Kila fundisho akalitafutia mwenzake wa mtaani. Kanuni ya njiwa na viota? Hiyo ni Hiace ya viti 14 na abiria 15 wamekaa wote: lazima kuna kiti chenye watu wawili, konda apige kelele anavyotaka. Induksheni? Msururu wa wapagazi wanaopanda Marangu: wa kwanza kapata habari, na kila anayeipata anamwambia anayemfuata, kwa hiyo hata ukiwa mrefu vipi, wa mwisho itamfikia. "Au" ya hesabu nayo si ile ya kukaribishwa. Bibi akikuuliza "chai au maziwa?" anataka uchague. Kwenye mantiki ukichukua vyote viwili bado ni kweli.

Ukweli ni kwamba kilichokuwa kinamkwamisha si hesabu yenyewe. Ilikuwa ni Kiingereza cha hesabu. Shule ya msingi alisoma Kiswahili, sekondari lugha ikageuka, na akawa amezoea kukariri hatua bila kujiuliza sentensi inadai nini. Diskriti haikubali kukariri. Kila neno dogo, "kila", "yupo", "ikiwa tu", lina kazi, ukilikosea jibu lote linaanguka. Alipoanza kuisema kwanza kwa Kiswahili kisha kuiandika kwa Kiingereza, kurasa zikaanza kufunguka.

Na ile nusu iliyokosekana? Akaja kujua kwamba si lazima Rosen. Oscar Levin, mwalimu wa chuo kikuu kimoja cha Colorado, Marekani, kaandika kitabu cha Diskriti na kukiweka mtandaoni bure kabisa, tena kwa ridhaa yake, na grafu zimo. MIT nao wanacho chao cha hisabati kwa watu wa kompyuta, cha Lehman, Leighton na Meyer, bure vilevile. Kwa anayetaka kuelezwa polepole kama mtoto kuna cha Susanna Epp. Kwa anayetaka maswali yaliyokwisha kufanywa hatua kwa hatua kuna cha Schaum cha Seymour Lipschutz, ambacho mara nyingi ni chembamba na bei yake inavumilika. Elfu 27 yake, kumbe ingeweza kununua bando tu.

Wiki mbili kabla ya sapu, jioni, mlango ukagongwa. Ni yule dada wa Double Road.

Kumbe naye alikuwa na sapu. Jamaa alimwachia nusu ya pili, akaondoka likizo kwao na mapenzi yakaishia stendi. Dada wa watu akajikuta na sura ya 8 kwenda mbele, kitabu kinamrudisha nyuma kila ukurasa: kama ulivyoona sura ya 2, kama tulivyothibitisha sura ya 5. Alikuwa kakishika mkononi kile kitabu, spairo imeanza kulegea.

"Dada, samahani. Najua sistahili kuja hapa."

Mdada wetu wala hakuhitaji kile kitabu tena. Angeweza kusema usiku mwema akafunga mlango, na mjini wengi wangempigia makofi. Alichofanya ni kusogeza ndoo za mitumba ili mwenzake apate pa kukaa. Wakasoma siku 14, mara geto, mara kwenye nyasi za chuo. Jina la jamaa halikutajwa, isipokuwa mara moja walipofika kwenye jedwali la "kama, basi", mmoja akauliza, "Na wewe alikuahidi simu?" Wakacheka mpaka jirani akagonga ukuta.

Matokeo yalipotoka, mdada wa mitumba alipata C, ambayo kwenye sapu ndiyo ya juu kabisa chuoni kwao. Mwenzake alikosa alama chache, analibeba somo. Siku 14 hazikutosha kwa mtu aliyeanzia sura ya 8. Mdada akamkabidhi na nusu ya kwanza, kitabu kikawa kizima tena kwa mara ya kwanza tangu penzi life.

Sasa jamaa katuma meseji. Anadai nusu yake, eti 27,000 yake imo mle na mdogo wake anaanza chuo mwaka huu. Mdada kamjibu kwa mstari mmoja: "Mwenzangu akifaulu, utarudishiwa."

Haya wadau, mnaojua mapenzi na mnaojua mantiki: kitabu ni cha nani hapo?