Mdakaji na Matairi

Jumamosi moja hapa Nakawa, golikipa wa kikundi chetu, Mkongo mwenzangu wa miaka 16, alinipa simu akasema: "Kaka, nichukue video. Ila ngoja kwanza nivue viatu, wanione masikini."

Nikacheka, halafu kicheko kikakatika. Nilijua alikojifunza hayo. Mara ngapi wageni wamekuja na kamera, na sisi wakubwa tukawapanga mbele watoto wenye nguo zilizochanika?

Nikamwonyesha video za Dennis Kasumba.

Huyu ni kijana wa hapa hapa Uganda, yatima, mchezaji wa besiboli. Yeye ni mdakaji: anachuchumaa nyuma ya mpigaji, uso ndani ya vyuma, anadaka mipira ambayo mpigaji ameikosa. Wenzake uwanjani wanatazama kwake, yeye peke yake ndiye anawatazama wote. Kazi ya magoti, bwana. Katika video zake anafanya mazoezi na matairi ya zamani, kwenye vumbi na tope, tena na tena. Watu wengi sana duniani wakaziona. Mwaka 2023 akafika Marekani, akachezea Frederick Keys ya Maryland, kwenye ligi ya vijana wanaotafuta kuchaguliwa na klabu kubwa. Waandishi na televisheni wakamfuata huko.

"Sasa na yeye si anaonekana masikini?" kijana akauliza.

Hapo alinibana. Tope lipo, kweli. Lakini ukiangalia dakika mbili unalisahau, unabaki unaangalia mikono yake.

Sikumficha na habari ya karatasi. Mwaka 2011 timu ya watoto wa Kampala ilishinda mashindano ya kanda, ikapata nafasi kwenye Kombe la Dunia la Little League kule Marekani. Wakanyimwa viza, ati tarehe za kuzaliwa hazilingani. Sisi ambao tarehe zetu ziliandikwa na karani mpakani, hatuhitaji kuelezwa. Mwaka uliofuata watoto wa Lugazi wakaenda, timu ya kwanza kutoka Afrika, na wakashinda mechi moja.

Kijana alinyamaza, akafunga kamba za viatu. Nikamchukua akidaka mipira 12. Mitatu ikampita.

Anataka niikate hiyo mitatu. Mimi nasema ibaki. Mpaka leo hatujakubaliana, na video bado iko kwenye simu yangu.