Chini ya Mwembe, Vigwaza

Harufu ndiyo inayotutangulia. Kwanza vumbi lililonyunyizwa maji ya asubuhi, kisha tangawizi inayochemka, kisha dizeli. Tuko Vigwaza, kando ya barabara ya Morogoro, mwanzoni mwa miaka ya 1990, chini ya mwembe wa bibi yangu. Kaa kwenye kile kigoda, ila jihadhari, mguu mmoja ni mfupi.

Bibi aliuza chai, mihogo ya kuchoma na chachandu ya kutoa machozi. Walikuja madereva wa malori na utingo wao, abiria wa mabasi yaliyopasukiwa tairi, wafugaji waliotoka porini na fimbo zao mabegani. Mimi niliosha vikombe vya bati kwenye karai. Gari likipunguza mwendo tu, bibi alinigusa bega kwa mpini wa mwiko.

"Mke mwenzangu, mtazame yule anayeshuka. Ni nani?"

Siku moja nikajibu ni mwalimu, maana alichomeka kalamu mfukoni.

"Kalamu hata mwizi anayo. Tazama miguu. Huyo katoka msibani."

Yule bwana akaomba chai, akaikodolea macho mpaka ikafanya utando. Alipoondoka, bibi hakumdai hela.

Usiku, tukisikia honi ya treni upande wa Ruvu, au mdundiko ukipita na mwali, bibi aliwarudia wateja wake mmojammoja: mwendo wa huyu, kikohozi cha yule. Ule ulikuwa mchezo wetu, nami sikudhani una mshahara.

Baadaye nilihamia kwa mama mdogo, Bagamoyo. Basi la kutoka Mlandizi lilipita Makofia likitikisika kama ungo unaopepeta. Kule kulikuwa na Chuo cha Sanaa, kilichoanzishwa mwaka 1981, leo kinaitwa TaSUBa. Nilizoea kuchungulia mazoezi, upepo wa bahari ukileta harufu ya dagaa. Ndipo wakaja watu wa filamu wakimtafuta mzee wa kuvuta nyavu. Niliwapeleka ufukweni, nikawaonyesha mmoja ambaye hata akisimama wima magoti yake hubaki yamekunjika kidogo, kama bado yumo chomboni. Wakamchukua. Mimi wakanipa daftari.

Ngazi ya kazi hii ya kutafuta waigizaji ndiyo hiyo. Miaka ya daftari: jina, umri, urefu, simu ya jirani. Halafu unaruhusiwa kuingia kwenye usaili, unamjibu mwigizaji maneno yake huku kamera ikimtazama yeye tu. Halafu siku moja mwongozaji anageuka na kukuuliza, "Wewe unamwonaje?" Kwetu waongozaji wengi huchagua wenyewe, tena sura inayouza. Jina langu limeachwa nje ya orodha ya mwishoni mwa filamu kadhaa, nimezoea.

Ila nilipoitazama *Maangamizi*, ya mwaka 2001, nilimkumbuka bibi. Amandina Lihamba, aliyekuwa profesa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, amepewa nafasi ya Samehe, mgonjwa aliyenyamaza miaka mingi. Mtu ambaye kazi yake ilikuwa kusema darasani! Aliyeona kimya ndani ya uso ule alikuwa na jicho la chini ya mwembe.

Na bibi mwenyewe? Nilimwita kwenye usaili, nafasi ya muuza chai, nikijua hatapatikana wa kumshinda. Alikaa mbele ya kamera, akashika birika, mkono ukaganda. Chai ikajaa kikombe, ikajaa kisahani, ikaifikia khanga yake.

"Mwenye mashine hiyo anamtazama nani?" akauliza.

"Anakutazama wewe, bibi."

"Basi nani anawatazama wanaoshuka?"

Nafasi ikaenda kwa mama mwingine, ambaye maishani hakuwahi kuuza chai. Aliigiza vizuri sana.

Siku hizi Vigwaza ina mizani. Mwembe haupo, bibi hayupo. Malori hupanga foleni kusubiri kupimwa, na madereva bado wanashuka kunywa chai.