Ndevu za Miti

Sisi tunaokaa katika milima ya Usambara tunaziona kila siku. Ni nyuzi za kijani kilichofifia, zinazoning'inia kwenye magome na matawi ya miti. Zinafanana na ndevu za mzee. Wataalamu huziita Usnea. Jina hilo limetokana na neno la Kiarabu.

Wengi kijijini kwetu husema ndevu hizi huunyonya mti mpaka ukauke. Kwa sababu hiyo shemeji yangu alitaka kuukata mpeasi wake mkubwa. Mpeasi huo ndio uliokuwa ukimpa fedha za sare na madaftari ya watoto.

"Shemeji, ngoja kwanza," nilimwambia. "Tumjue adui kabla ya kushika shoka."

Tulibandua ndevu chache. Zilikuwa zimeshika gome la juu tu. Kirukia hutia mizizi ndani ya tawi, lakini hizi hazikuwa na mizizi. Kisha tukauvuta polepole uzi mmoja uliolowa. Ngozi yake ilikatika, na ndani tukaona kamba nyeupe inayovutika kama mpira. Hiyo ndiyo alama ya Usnea.

Je, Usnea ni mmea? Hata wataalamu walitatizika. Mwaka 1753 Linnaeus, mtaalamu wa Sweden, aliviweka viumbe vya namna hii katika kundi la mwani. Mwaka 1867 Simon Schwendener wa Uswisi alisema kwamba hapa pana viumbe viwili, kuvu na mwani, vinavyoishi pamoja. Wenzake wengi walimkatalia, lakini baadaye ilionekana kuwa alisema kweli. Ndiyo maana kwa Kiswahili tunasema kuvumwani.

Kila mmoja ana kazi yake. Kuvu, ambayo ni jamii moja na uyoga, hujenga nyumba na kutunza maji. Mwani wake ni mdogo mno, hauonekani kwa macho. Huo hutengeneza chakula kwa nguvu ya jua. Maji hutoka kwenye mvua na ukungu. Mti ni mahali pa kukaa tu. Siku hizi wataalamu huipanga Usnea katika kundi la kuvu, kwa kuwa jina la kuvumwani hufuata kuvu yake.

Mbona basi mti unaokauka huwa na ndevu nyingi? Mti ukidhoofika, majani hupukutika. Mwanga huingia, na ndevu hustawi. Ugonjwa hutangulia, ndevu hufuata.

Shemeji akachunguza shina. Karibu na ardhi aliona matundu na unga wa mbao. Kumbe ni wadudu! Tuliwachoma kwa waya ndani ya matundu, tukakata matawi yaliyokufa.

Mpeasi ungali umesimama. Matunda si mengi kama zamani, lakini madaftari yananunuliwa. Ndevu nazo zipo, na hakuna anayezigusa.