Ala ya Kuunga Wakati

Watunzi wa hadithi hubuni ala ya muziki iwezayo kuunga wakati uliokatika. Apitaye vichochoro vya Mji wa Kale, Mombasa, hana haja ya kubuni. Ala hiyo ni udi.

Muyaka bin Haji, malenga wa Mombasa, alifariki mwaka 1840. Miongo kadhaa baadaye W. E. Taylor aliyakusanya mashairi yake kwa msaada wa Mwalimu Sikujua, na mwaka 1940 William Hichens akayachapisha. Karatasi ikahifadhi vina na mizani. Sauti ya malenga ilikuwa imekwisha kunyamaza.

Pengo la namna hiyo ndilo alilolishughulikia Zein l'Abdin, mzaliwa wa Lamu aliyeifanya Mombasa maskani yake na kufariki mwaka 2016. Alizichukua tungo kongwe, akazipigia udi, na maneno ya waliotangulia yakasikika tena.

Lakini udi hauungi wakati mara moja ukatulia. Unyevu wa pwani huzibadili nyuzi. Kabla ya kupiga, sharti mpigaji akaze vigingi na kutega sikio. Shingo ya udi haina alama za kumwongoza: kidole hukumbuka, ama hukosea.

Mwanafunzi wa ushairi huhesabu mizani 16 za mshororo bila kuteleza. Akiombwa aliimbe shairi lenyewe, huinamisha kichwa. Mtihani ameufaulu. Hata hivyo, shairi lilitungwa liimbwe, na yeye amerithi udi ambao nyuzi zake zimelegea. Nani atakayezikaza?