Nasi, Yaani Wali

Neno la kwanza nililolisoma Kuala Lumpur, ukiacha yale ya uwanja wa ndege, lilikuwa "nasi". Lilikuwa kwenye bango la kibanda kando ya barabara, herufi nyekundu. Halafu bango la pili, la tatu. Nasi lemak. Nasi ayam. Nasi kandar. Kichwa changu cha Kiswahili kikawa kinasoma bila kuniomba ruhusa: karibu nasi, kaa nasi, kula nasi. Dereva wa teksi aliponieleza kwamba nasi ni wali, nilicheka peke yangu kiti cha nyuma. Kumbe mji mzima umeandikwa wali.

Baadaye nikajua kwamba Wamalei, kama sisi, hawakubali kuita kitu hiki kwa jina moja. Shambani ni padi, dukani ni beras, sahanini ni nasi. Mpunga, mchele, wali. Kwa Kiingereza, lugha iliyonisomesha na inayonilipa mshahara, zote tatu ni "rice" tu. Nikajisemea, hapa tutaelewana.

Nilikuwa nimekwenda kwenye warsha ya waandishi wa habari ya siku nne. Mchana wake sitausimulia, maana warsha zote duniani ni moja: baridi ya kiyoyozi, maji ya chupa, na mtu anayesema atamaliza baada ya dakika tano. Usiku ndio uliokuwa wangu.

Usiku wa kwanza nilikwenda wanakopelekwa wageni wote, Jalan Alor. Meza za plastiki zimejaa mpaka katikati ya njia, samaki wamelala kwenye barafu, mishikaki yao wanayoiita satay inafuka moshi, na kila mlango una kijana wa kukuvuta kwa menyu yenye picha. Harufu ya doriani imetanda. Hotelini kwangu kulikuwa na tangazo la kukataza kuingia na tunda hilo, nikakumbuka safari yangu ya kwanza Unguja, ambako doriani huuzwa sokoni na hakuna anayekamatwa. Nilikula, nikashiba, nikarudi. Mtaa mzuri, lakini unajua unaangaliwa. Kila kitu pale kimekaa mkao wa kupigwa picha.

Usiku wa pili ulikuwa bora. Niliteremka mpaka pale mito ya Klang na Gombak inapokutana, penye msikiti wa Jamek uliojengwa 1909. Hapo ndipo mji ulipopatia jina. Kuala Lumpur maana yake ni makutano ya mito yenye tope. Kutoka hapo nikaingia kwenye mgahawa wa mamak. Usidanganyike na sikio lako kama nilivyodanganyika: neno hilo limetoka kwa Watamili, na kwao ni mjomba. Ni migahawa ya Waislamu wenye asili ya India Kusini, mingi haifungwi usiku kucha, na ndani yake utamkuta dereva wa lori, mwanafunzi, bosi aliyelegeza tai, wote wanatazama mpira kwenye skrini moja. Niliagiza roti canai, ambayo ni binamu wa chapati yetu ya maji na ya kusukuma kwa pamoja, na chai ya teh tarik, "chai ya kuvutwa". Mpishi anainua kikombe kimoja juu ya kichwa, kingine anakishusha kiunoni, chai na maziwa mazito ya kopo vinapita hewani kama kamba, huku na huku, mpaka povu linatokea. Hakumwaga hata tone. Na nasi kandar? Kandar ni mzega, ule mti wa begani. Wauzaji wa zamani kule Penang walitembeza wali na mchuzi kwenye mzega.

Hapo mamak nilianza mchezo wa kuokota maneno. Mtu anamsalimia mwenzake: apa khabar? Habari gani. Kertas, karatasi. Waktu, wakati. Dunia ni dunia. Nikamsikia mzee mmoja akihesabu chenji na kusema "rezeki", huku amenyanyua mabega. Riziki. Sikuhitaji mkalimani kuyajua yale mabega.

Lakini nilichotaka kuandika ni usiku wa tatu.

Ukitoka kwenye minara pacha ya Petronas, ile mirefu ya mita 452 ambayo sote tumeiona kwenye filamu, kuna daraja la waenda kwa miguu linaitwa Saloma. Lilifunguliwa 2020, lina urefu wa mita 69, na usiku linawaka rangi zinazobadilika. Umbo lake limechukuliwa kwenye sirih junjung, pambo la majani ya tambuu linalowekwa kwenye harusi za Kimalei. Bibi yangu alikuwa mla tambuu, angelipenda daraja lile. Saloma alikuwa mwimbaji na mwigizaji. Amezikwa jirani hapo pamoja na mumewe P. Ramlee. Unavuka juu ya mto na barabara kuu kwa dakika chache, unashuka ngazi, na ghafla huko nyuma ni kama ndoto: uko Kampung Baru, kijijini. Nyumba za mbao juu ya nguzo, migomba, paka, jogoo asiyejua saa. Ukigeuka, minara inakuchungulia juu ya paa la bati.

Mtaa wa Jalan Raja Muda Musa ulikuwa macho. Nilichagua kibanda kwa kigezo alichonifundisha mama: usiangalie bango, angalia wanaosubiri. Palikuwa na foleni ya watu wa huko huko, wengine na pikipiki zinazonguruma. Nyuma ya meza alisimama mama mmoja wa makamo, hijabu ya zambarau, mkono wa kulia ukipakua bila yeye kuutazama. Wateja walimwita Makcik. Kijana niliyesimama naye aliniambia ndivyo unavyomwita mwanamke wa rika la mama yako. Ukilitafsiri neno kwa neno ni "mama mdogo". Nilimwomba arudie.

Nasi lemak ni nini? Ni wali wa nazi. Sitakuzungusha. Mchele unapikwa kwa tui, na jani la pandan, jamii ya mkadi wetu, limefungwa fundo ndani ya sufuria. Pembeni wanaweka tango, yai, karanga za kukaanga, na ikan bilis, visamaki vikavu vilivyokaangwa vikakauka. Dagaa, jamani. Juu yake ndiyo sambal: pilipili kavu, vitunguu, uduvi uliosagwa ukavundikwa, ukwaju na sukari, vinapikwa kwa moto mdogo mpaka mafuta yanajitenga na kupanda juu. Asili yake ni chakula cha asubuhi, lakini hapo usiku wa manane watu wanakila kama vile kesho haipo. Nilipouliza bei, Makcik akasema "lima", akaonyesha vidole vitano. Lima kwao ni tano.

Niliketi. Nikatia tonge la kwanza mdomoni, na mikono yangu ikanuka nazi ya miaka ishirini iliyopita.

Mama yangu alikuwa mama lishe. Nimeandika sentensi hiyo sasa kwa wepisi, lakini chuo kikuu nilimaliza miaka mitatu bila kuitamka. Nilisema "mama ni mfanyabiashara", na watu walipouliza biashara gani nilisema "chakula", kwa sauti ya mtu mwenye hoteli. Ukweli ni kwamba alikuwa na meza, mabenchi mawili na sufuria nne karibu na kituo cha daladala, na saa kumi na mbili jioni alikuwa anabandika. Wali wa nazi, maharage, dagaa, mchicha. Mimi ndiye niliyekuwa nakuna nazi. Nilikaa kwenye mbuzi kila siku baada ya shule, halafu nakwenda kunawa kwa ndimu ili kesho wenzangu wasinisikie harufu.

Nilipoajiriwa, mwaka wangu wa kwanza gazetini, nilipewa habari ya operesheni ya kuondoa wafanyabiashara wa barabarani. Nilipanda gari la maofisa. Niliona mabeseni yakipinduliwa, niliona mwanamke akikumbatia jiko la mkaa likiwa bado na moto. Nikarudi ofisini nikaandika kwamba mji unaanza kupendeza. Nilitumia neno "wanaochafua". Hakuna mhariri aliyenilazimisha. Lilikuwa neno la taarifa waliyonipa, nami nililiona linakaa vizuri kwenye sentensi.

Hilo mama alilisoma, na wengi wa nyumbani wanalijua. Wasilolijua ni kwamba nilikuwa na orodha ya mitaa na tarehe zake ndani ya mkoba. Wa kwetu ulikuwa siku ya tatu. Nililala nyumbani usiku wa kuamkia siku hiyo na sikusema kitu. Nilijiambia taarifa ile ni ya siri ya kazi. Sehemu nyingine yangu, nadhani ndiyo kubwa, ilikuwa inataka tu meza ile iondoke. Mama alipoteza sufuria mbili, benchi moja, na mchele wa siku ile. Baada ya hapo alisema magoti yanamsumbua, hakurudi tena barabarani.

Sasa pale Kampung Baru akaja kijana akaingia nyuma ya meza ya Makcik. Shati la ofisini limekunjwa mikono, kitambulisho cha kazini kinaning'inia shingoni. Nilidhani ni mteja mwenye haraka. Akanawa, akachukua jani la mgomba na karatasi, akaanza kufunga wali kwa umbo la piramidi dogo, haraka kuliko mama yake. Foleni ilipopungua alikuja kufuta meza yangu, tukazungumza Kiingereza. Ni mhasibu. Mchana mahesabu, usiku wali. Nikamuuliza, wafanyakazi wenzako wanajua? Hakulielewa swali. Nikalirudia kwa maneno mengine. "Wanakuja kula hapa," akasema, akiwa bado ananitazama kama mtu aliyekosea namba.

Usije ukadhani nimeleta hadithi ya nchi ya watu isiyo na dhiki. Kampung Baru ilitengwa 1900, enzi za mkoloni, iwe makazi ya wakulima wa Kimalei, na leo ni ardhi inayomezewa mate kuliko pengine popote mjini mle. Kila baada ya muda unakuja mpango wa kuijenga upya. Kiwanja kimoja kinaweza kuwa na warithi wengi, huyu anataka kuuza, yule hataki. Mtu wa pwani hahitaji kuelezwa mirathi ya nyumba ya familia. Yule kijana alinyoosha kidole kwenye minara. "Hatujui miaka kumi ijayo tutakuwa wapi," alisema. Halafu akaenda kumsaidia mama yake kubeba sufuria.

Nilitazama saa. Saa tano usiku. Nyumbani tuko nyuma kwa saa tano, kwa hiyo ilikuwa saa kumi na mbili jioni, ile ile ya kubandika. Nikapiga simu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Huko si usiku? Uko nje?"

Nikamwambia ninakula wali wa nazi na dagaa. Hakuamini. Nikamtumia picha, akanyamaza kuitazama, akasema dagaa wao wamekaukishwa vizuri, karanga sijui za nini. Tukacheka. Halafu nikasema, bila kujipanga, maana ningejipanga nisingesema:

"Mama, ile orodha ya mitaa. Mwaka ule. Nilikuwa nayo."

Nilisikia redio yake kwa mbali, taarifa ya habari ikianza.

"Nilijua," akasema.

"Ulijuaje?"

"Ulilala nyumbani na hukula. Nilikupakulia, ukasema umeshiba. Mwanangu wewe, wa kuukataa wali wa nazi?" Akavuta pumzi. "Kesho yake walipofika nikasema, aa, kumbe."

"Mbona ulitoka na vyombo, mama?"

"Mchele nilikuwa nimeshauroweka."

Sikuwa na la kusema. Makcik alikuwa ananitazama, akaniletea maji bila kuulizwa. Kwenye simu mama akakohoa kidogo, kisha sauti yake ikabadilika, ikawa ile ya kazini.

"Hiyo pilipili nyekundu juu yake. Vitunguu wanakaanga kwanza?"

Nikamuuliza kijana, kijana akamuuliza mama yake. Makcik alijibu kwa maneno mengi na mikono yote miwili, kijana akanifupishia: vinasagwa pamoja na pilipili, vinaingia kwenye mafuta kwa wakati mmoja, na hutakiwi kuondoka jikoni. Nikafikisha ujumbe.

"Ndo maana ina rangi ile," mama akasema. "Haya, nifungie na mimi."

"Itafika imeharibika, mama."

"Basi kula wewe. Kula umalize."