Deni Lisiloandikwa



Wazee walisema: kukopa harusi, kulipa matanga. Siku ya kukopa watu hucheka pamoja. Siku ya kulipa hawatazamani usoni. Kisha wanafika mbele ya hakimu, na huko wengi wetu tunashangaa. Tulidhani hakimu atajua haki kwa kuona machozi yetu. Sivyo. Yeye hakuwapo siku fedha zilipotolewa. Atauliza neno moja tu: ushahidi wako ni upi?

Kwetu Kongo, sheria ya mapatano iliwekwa tarehe 30 Julai 1888, na hata leo inatumika. Yasema wazi: anayedai deni ni juu yake kulihakikisha, naye anayesema ameisha kulipa, ni juu yake kuonyesha malipo. Basi wote wawili wanahitaji karatasi. Aliyelipa kwa uaminifu lakini hakupokea risiti, aweza kuamriwa kulipa mara ya pili.

Wengi wanajibu: "Lakini sisi tuna mashahidi!" Sheria hiyohiyo yataka deni lipitalo kiasi kidogo kilichowekwa liandikwe. Maneno ya mashahidi peke yake hayatoshi. Ila, kama mdaiwa aliandika barua inayodokeza deni lile, barua hiyo ni mwanzo wa ushahidi, na mashahidi waweza kuukamilisha. Tena kama hati iliteketea kwa moto au ilipotea kwa ajali isiyotazamiwa, mashahidi husikilizwa.

Taabu kubwa zaidi ni ya viwanja na nyumba. Tumeiona katika parokia zetu zaidi ya mara moja. Baba anatafuta fedha za kumpeleka mtoto hospitali. Anampa mwenye fedha cheti cha kiwanja chake. Anaambiwa: "Tia sahihi hapa, ni desturi tu." Kumbe karatasi ile haitaji mkopo, yasema ameuza nyumba! Anarudisha fedha kidogo kidogo, bila risiti. Siku moja anaambiwa ahame. Analeta barazani mke wake, jirani na mjomba. Lakini sheria haikubali kwa urahisi maneno ya mdomo yapinge hati iliyotiwa sahihi. Watoto wanalala nje kwa sababu ya sahihi ya baba yao.

Tujue basi: kumpa mtu cheti mkononi siyo kuweka nyumba rehani kwa sheria. Mwaka 2012 Kongo iliingia katika OHADA, umoja wa nchi za Afrika wenye sheria moja za biashara. Sheria yake ya dhamana yataka rehani ya nyumba ifanywe kwa hati rasmi, kwa kawaida mbele ya notari, na kuandikishwa katika ofisi ya vyeti vya ardhi.

Je, kumwandikisha ndugu ni kukosa mapendo? Tumtazame Tobiti, mtu wa haki aliyezika wafu na kuwapa maskini sadaka. Alipoweka talanta kumi za fedha kwa Gabaeli, katika nchi ya Media, waliandika hati. Miaka mingi ikapita. Malaika Rafaeli akaenda na hati ile, na Gabaeli akatoa mifuko, mihuri yake ikiwa mizima. Hakukuwa na kelele wala matusi. Hati haikuua urafiki wao, iliulinda.

Nasi tufanye hivi. Tuandike majina, kiasi cha fedha kwa tarakimu na kwa maneno, siku ya kutoa na siku ya kurudisha. Tufanye nakala mbili, wote watie sahihi, kila mmoja ashike yake. Kila malipo yapate risiti. Mke ajue karatasi zimewekwa wapi, maana kifo hakipigi hodi, na mjane asiyejua kitu hana la kumwambia hakimu. Tena tusitie sahihi tusichoweza kusoma. Tumwombe mwalimu, au ndugu wa tume ya Haki na Amani, atusomee kwanza neno kwa neno.

Nawe uliye mwenye fedha, kumbuka: hakimu wa dunia husoma karatasi, lakini Mungu anajua ilivyoandikwa.