Msiba Kati ya Watu Wengi

Mwaka 2022 nalikuwa nikikaa Dar es Salaam katika chumba cha kupanga. Mwaka ule sensa ilihesabu humo watu 5,383,728. Katika wote hao, siku niliyopata habari ya kufa kwa mama yangu, sikuwa na mmoja wa kumwambia.

Nikasafiri, nikashuka Misigiri, nikafika kwetu Kiomboi. Nikakuta majirani wamekwisha kuja bila kuitwa: hawa wamechota maji, hawa wameleta kuni na unga, na wengine wameketi tu kimya. Tukamzika mama, nami nikalia hata moyo ukatulia.

Niliporudi mjini, huzuni ikarudi nami. Watu walinipita njiani, wala hapakuwa na aliyesema, "Pole." Nikanung'unika moyoni, nikasema, Watu wa mji hawana huruma.

Basi asubuhi moja mama mmoja auzaye vitumbua karibu na mlango wangu akanitazama, akaniuliza, "Mwanangu, umefiwa?" Nikamweleza. Akasema, "Pole sana. Nami nalimzika binti yangu mwaka jana." Nikaona haya, maana mwaka mzima nalinunua kwake kila siku, wala sikumwuliza neno.

Ndipo nilipojua ya kuwa mimi nami nimekuwa mtu wa mji. Enyi wazazi wenye watoto mjini, waambieni wawajue majirani zao kabla msiba haujabisha hodi.